Je, Wajua Kwa Nini Chai ya Rangi Huchafuka Ikiingia Friji?

Umeandaa chai ya rangi, imetoka nyekundu, inang'aa hadi unaona kitako cha glasi. Umeiacha ipoe, ukaitia friji. Baada ya saa chache unatoa kitu kingine kabisa: ung'avu umepotea, rangi imefifia, chai imekuwa kama maji ya mto baada ya mvua. Wengi huimwaga wakidhani imeharibika, kumbe haina tatizo lolote. Ichukue glasi moja uipashe moto kidogo, utaona inang'aa tena kama mwanzo. Ukielewa kwa nini inafanya hivyo, utakuwa umeshapata nusu ya ufundi wa kutengeneza chai ya barafu yenye matunda nyumbani. Na miezi hii ya kaskazi, Desemba hadi Machi, joto la Tanga linapokuwa halina huruma hata usiku, sijui kinywaji kinachostahili kujifunza zaidi ya hiki.

Watu wa Tanga tuna haki ya kukidai. Chai inalimwa milimani kwetu, Usambara Mashariki na Magharibi. Pale Amani, wilayani Muheza, Wajerumani walianzisha taasisi ya utafiti wa kilimo mwaka 1902, na chai ni kati ya mazao yaliyojaribiwa huko miaka ileile ya mwanzo wa karne ya 20. Mto Zigi unatiririka kutoka misitu hiyohiyo ya Amani hadi bwawa la Mabayani, linalolipa jiji la Tanga maji ya bomba. Yaani majani na maji ya glasi moja vinaweza kuwa vimeteremka mlima mmoja. Ongeza machungwa ya Muheza, iliki na mdalasini wa Amani, ndimu na pasheni za Soko la Mgandini. Kilichobaki ni kujua namna ya kuvikutanisha.

Sasa, kuchafuka kunatokana na nini? Jani la chai likichumwa ni la kijani. Kiwandani linasagwa na kuachwa lipate hewa, na hapo ndipo linageuka. Yale makali ya jani bichi hubadilika kuwa rangi za makundi mawili: theaflavini, zenye unjano wa kung'aa, na thearubijini, zenye wekundu unaoelekea kahawia. Ndani yake mna kafeini pia. Maji yakiwa ya moto, vyote vitatu huyeyuka na kila kimoja kikaelea kivyake. Maji yakipoa, kafeini na zile rangi huanza kushikana, zikafanya vijipunje vidogo mno ambavyo jicho halivioni kimoja kimoja, ila vinatawanya mwanga unaopita kwenye glasi. Huo ndio uchafu unaouona. Joto likirudi, mshikano unaachia, chai inang'aa.

Kwa hiyo chai inayochafuka sana ni ile iliyokolea sana. Na hapa mazoea yetu ya jikoni ndiyo yanayotuponza. Chai ya maziwa tunaichemsha na majani, inatokota, inapanda, tunaishusha moto, inapanda tena. Kwa chai ya maziwa hilo halina ubaya, maana protini za maziwa zinashikana na ule ukakasi na kuulainisha. Lakini chai ya barafu haina maziwa ya kuiokoa. Ukiyatokosa majani dakika kumi umekamua kila kilichomo, na ikipoa utapata uchafu machoni na ukakasi ulimini.

Maji nayo yana lake. Ukitumia ya kisima, hasa maeneo yenye mawe ya chokaa, kalsiamu iliyomo hushikana na chai na kuacha ule utando wa mafuta-mafuta juu ya kikombe na alama ya kahawia pembeni. Tanga chokaa tunayo tele, mapango ya Amboni yamechongeka humohumo. Kama una maji ya bomba au ya mvua yaliyochemshwa, yatumie hayo kwa chai hii, ya kisima yaache yafanye kazi nyingine.

Njia ninayoiamini ni ya kumimina chai ya moto juu ya barafu. Chemsha maji nusu lita. Yakitokota, zima moto kwanza, kisha tia majani vijiko vinne vya chai, funika, subiri dakika nne, uchuje. Usizidishe. Majani mengi ya madukani kwetu ni ya chembe ndogo ngumu, na chembe ndogo hutoa rangi haraka. Kipimo hicho ni mara mbili ya chai ya kawaida, kwa makusudi. Weka barafu nusu kilo kwenye jagi la plastiki gumu au la chuma (la kioo linaweza kupasuka), kisha mimina chai juu yake taratibu. Barafu italia na kupasuka, mvuke utapanda kidogo halafu utakoma ghafla, na jagi litaanza kutoa jasho nje. Koroga. Una lita moja ya chai baridi, ukali wake ni ule unaoutaka, na inang'aa vizuri kwa sababu imezimuliwa palepale ilipokuwa inapoa.

Kwa nini nusu kwa nusu? Gramu moja ya barafu inapoyeyuka hula joto la kiasi cha jouli 334. Gramu moja ya maji ikipoa nyuzi moja hutoa jouli 4.2 tu. Ukigawanya, utaona gramu ya barafu inatosha kuishusha gramu ya maji kwa nyuzi karibu 80. Na chai iliyokaa dakika nne nje ya moto iko karibu na nyuzi hizohizo. Ndiyo maana uzito sawa wa chai na barafu hukutana karibu na sifuri, na barafu yote, au karibu yote, inakuwa imeisha. Kama barafu ni ya kununua na hutaki kuimaliza yote, acha chai ifikie joto la chumba ikiwa imefunikwa. Hapo barafu isiyozidi theluthi ya uzito wake inatosha. Lakini basi usiikoleze mara mbili, maana maji ya barafu yatakuwa machache.

Neno moja kuhusu barafu, na hili nalisisitiza. Baridi haiui vijidudu, inavilaza tu. Barafu iliyogandishwa kwa maji yasiyochemshwa ikiyeyuka ndani ya chai yako, umerudisha kila ulichokiua jikoni. Chemsha maji ya barafu kama unavyochemsha ya kunywa.

Kuna njia ya pili kwa mwenye friji na subira: majani yalowekwe kwenye maji baridi. Vijiko vinne au vitano kwa lita moja ya maji yaliyochemshwa na kupoa, funika, tia friji usiku kucha, asubuhi chuja. Maji baridi hutoa kafeini na ukakasi kidogo kuliko ya moto, basi hakuna kingi cha kushikana, na chai inabaki angavu, laini, karibu tamu yenyewe. Ila harufu yake ni ya chini kidogo, mimi hukosa ule ukali wa chai ya moto. Kitu usichokifanya ni kuweka jagi la majani juani ili "liive" lenyewe, kama baadhi ya Wamarekani walivyozoea. Jua huyapasha maji uvuguvugu tu, na maji ya uvuguvugu kwa saa kadhaa ni shamba la vijidudu.

Wamarekani nimewataja kwa sababu kinywaji hiki wanakipenda mno. Inasimuliwa sana kwamba kilianzia kwenye maonyesho makubwa ya St. Louis mwaka 1904, ambako joto lilifanya watu waikimbie chai ya moto. Ukweli ni kwamba walikuwa wakikinywa tangu karne ya 19. Maonyesho yale yalikieneza tu.

Sukari. Watu husema sukari haiyeyuki kwenye maji baridi, na si kweli. Maji mililita 100 ya nyuzi 20 huweza kubeba sukari gramu 200 hivi, na wewe kwenye glasi unatia gramu 20. Tatizo ni mwendo: kwenye baridi inayeyuka polepole, inatulia chini, unakunywa chai isiyo na ladha halafu unamalizia kwa tope la sukari. Dawa yake tunayo miaka yote, shira. Usiipike nzito kama ya kaimati. Kikombe cha sukari kwa kikombe cha maji, moto mpaka iyeyuke, tia iliki mbili tatu zilizopondwa, ipoe. Hiyo inachanganyika na chai baridi mara moja. Tena tia pungufu, onja kwanza ikiwa baridi, ndipo uongeze. Ulimi uliopoa huhisi utamu kidogo kuliko ulimi wa kawaida, ndiyo maana soda iliyopata moto hukinaisha.

Twende kwenye matunda, na hapa kila tunda lina tabia zake. Anza na ndimu. Kamulia nusu ndimu kwenye glasi ya chai ya rangi, usikoroge, uitazame ukiwa umeiweka dirishani. Pale tone linapopita chai inafunguka, kutoka kahawia kwenda rangi ya asali, mpaka glasi nzima inabadilika. Ndimu haijazimua chai, maana majimaji yenyewe ni kidogo mno kwa kazi hiyo. Zile thearubijini ni asidi dhaifu, na rangi yake hutegemea uchachu wa maji ziliyomo: uchachu ukipanda, rangi inafifia. Magadi hufanya kinyume, punje chache tu na chai inakoza kama kahawa. Limau, ukwaju na bungo vitafanya kazi ileile ya ndimu, kila kimoja kwa ladha yake.

Chungwa linahitaji adabu. La Muheza mara nyingi linaiva huku ganda likiwa bado na ukijani, kwa sababu usiku wetu hauna baridi ya kutosha kuondoa rangi hiyo, kwa hiyo usilikatae kwa macho. Tatizo la juisi yake ni kwamba ikikaa inaweza kuwa chungu. Ndani ya chungwa mna kitu kisicho na ladha ambacho, tunda likishakamuliwa, uchachu wa juisi hukigeuza taratibu kuwa limonini, na limonini ni chungu hasa. Kiko kwa wingi kwenye mbegu na ile nyama nyeupe chini ya ganda. Kwa hiyo kamua kwa mkono mwepesi, chuja mbegu, na changanya na chai saa ya kunywa, si jana yake. Ukitaka harufu, menya utepe mwembamba wa ganda la nje peke yake, uukunje juu ya glasi. Yale mafuta yanayoruka yanatosha.

Kwangu mimi pasheni ndiyo bingwa. Baridi hupunguza harufu ya kila kitu, na pasheni ina harufu ya kugawa. Mbili kwa glasi, zichujwe. Embe dodo au bolibo ni tamu sana humu, ila nyama yake itaifanya chai nzito na ya mawingu hata ufanyeje, basi ikubali hivyo na uisage vizuri. Nanasi usitupe maganda: yaoshe, yachemshe na tangawizi na kipande cha mdalasini, na maji hayo ndiyo uyatumie kulowekea majani ya chai.

Maziwa yabaki pembeni. Uchachu wa matunda huyakata, utapata mabonge.

Ikishachanganywa na tunda, inywe siku hiyohiyo, na iliyobaki ikae friji. Umeme ukikatika mchana kutwa, imwage. Na kwa mjamzito au mwenye upungufu wa damu, asiinywe pamoja na chakula, aisogeze mbele saa moja au mbili, kwa kuwa chai huzuia mwili kupata madini ya chuma yaliyomo kwenye maharage na mboga za majani.