Kabla ya Kumlisha Chura wa Mitini Nyumbani Kwako

Tangu mvua za masika zilipoanza, maswali kuhusu vyura wa mitini yameongezeka katika ofisi yetu ya wanyamapori, hasa kutoka Muheza, Korogwe, Lushoto na Tanga mjini, na mengi huanza kwa maneno yaleyale: "Nina chura wa kijani, anakula nini?" Muulizaji kwa kawaida ni mtu mwenye nia njema, mara nyingi mzazi ambaye mtoto wake amerudi na chura ndani ya ndoo, au kijana aliyeona picha mtandaoni akavutiwa. Tunashukuru kwamba wananchi wanauliza. Hata hivyo, swali la chakula si la kwanza. Vyura wengi tunaoletewa wakiwa hoi wana chakula tumboni. Kilichowaangusha ni maji, joto na mikono ya watu.

Wanaozungumziwa zaidi ni vyura wa aina mbili, nao hawafanani. Yupo yule mkubwa wa milima ya Usambara, ambaye wataalamu humwita Leptopelis vermiculatus, mwenye macho makubwa, rangi ya kijani kibichi na michirizi myeusi ubavuni. Jike hufikia zaidi ya sentimita nane, ilhali dume ni mdogo kwa mbali. Huyu ni chura wa Tanzania, ni wa misitu ya milimani yenye ubaridi na ukungu, na yumo katika orodha ya kimataifa ya viumbe walio hatarini. Mwingine ni yule wa kijivu anayejenga kiota cha povu kwenye matawi yaliyo juu ya madimbwi, Chiromantis xerampelina, ambaye huonekana nyanda za chini na mara nyingi huingia bafuni au chooni kujificha na jua. Huyu wa pili huvumilia ukavu kuliko vyura karibu wote, hugeuka kuwa mweupe juani, na hana haja ya msaada wa mtu yeyote. Ukimkuta bafuni, mwache. Usimmwagie chumvi, kwa kuwa chumvi humchoma ngozi na kumnyonya maji ya mwili hadi afe, wala yeye hana ubaya wowote: hatii watu chunjua mikononi, na anakula wadudu wa nyumba yako.

Upande wa sheria unahitaji maelezo marefu kidogo, kwa sababu hapa ndipo wananchi wengi hukosea huku wakiamini wako sahihi. Kwa mujibu wa Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori Na. 5 ya 2009, wanyamapori wote nchini ni mali ya umma iliyo chini ya Rais kama mdhamini kwa niaba ya wananchi. Neno "wanyamapori" halimaanishi tembo na simba peke yao. Kumkamata chura msituni na kumweka nyumbani bila kibali ni kukamata na kumiliki mnyamapori, na kwamba ulimwokota njiani au uliuziwa na mtoto wa jirani hakukupi umiliki. Ikiwa ametoka ndani ya hifadhi ya misitu, mfano Hifadhi ya Mazingira Asilia Amani iliyotangazwa mwaka 1997, inaongezeka Sheria ya Misitu Na. 14 ya 2002, ambayo hairuhusu kutoa mazao au viumbe hifadhini bila idhini. Adhabu zinaweza kuwa faini, kifungo au vyote viwili kwa pamoja, na mahakama inaweza kutaifisha mnyama pamoja na vyombo vilivyotumika, yakiwemo matangi, majokofu ya kubebea na chombo cha usafiri. Usafirishaji wa wanyamapori hai kwenda nje ya nchi ulisimamishwa na Serikali mwaka 2016, na anayekuahidi kwamba "kuna njia" ya kutuma vyura Ulaya kwa posta anakutafutia kesi. Aidha, chura wa kigeni, kama yule mnene wa kijani wa Australia, haingizwi nchini bila kibali cha mamlaka ya wanyamapori na cheti cha afya cha daktari wa mifugo wa nchi anakotoka.

Ikiwa tayari unaye, usiogope kuja ofisini, na usimtupe mtoni kwa hofu. Njoo na kitambulisho chako na barua ya serikali ya kijiji au mtaa, ueleze alipatikana wapi, lini na na nani, na uoneshe picha mbili, moja ya mgongo na nyingine ya ubavu. Chura mwenyewe abaki alipo hadi upewe maelekezo. Anayejisalimisha kwa hiari hupokelewa tofauti na anayekamatwa stendi na mfuko wa vyura ishirini, ingawa uamuzi wa mwisho ni wa mamlaka inayotoa kibali, na ofisi hii haiwezi kumhakikishia mtu matokeo yoyote kabla.

Yafuatayo yanawahusu wenye kibali, zikiwemo shule, vyuo na bustani za wanyama, pamoja na wale walioagizwa na ofisa kumtunza chura kwa muda.

Chura hanywi kwa mdomo. Maji huingia kwa ngozi, hasa ya tumboni na mapajani, na chochote kilichomo majini huingia nayo. Maji ya bomba yenye klorini yaachwe ndani ya beseni lililo wazi kwa saa 24 kabla ya kutumika. Maji ya visima vya pwani, ambavyo vingi vina chumvi, hayafai hata yakionekana meupe kabisa. Maji ya kunywa ya chupa yanafaa kama hakuna mengine. Mkojo wa chura huzalisha amonia, nayo hurudi mwilini mwake kupitia ngozi ileile, kwa hiyo bakuli la maji hubadilishwa kila siku bila kungoja litoe harufu. Kwa sababu hiyohiyo chura hashikwishikwi: sabuni, losheni, dawa ya mbu na jasho la kiganja ni sumu kwake. Inapobidi kumhamisha, lowesha mikono kwa maji safi au vaa glavu zisizo na unga, kisha nawa kwa sabuni baada ya hapo, maana vyura wanaweza kubeba bakteria wa salmonela, na watoto wadogo wasiachiwe kazi hii.

Chura wa Usambara hupendelea nyuzi joto kati ya 20 na 25, na usiku chini kidogo. Tangi la kioo lililofunikwa na kuwekwa dirishani Dar es Salaam linapita nyuzi 30 kabla ya saa sita mchana, na hapo hakuna chakula kitakachomwokoa. Tumia kasha lenye kimo kikubwa kuliko upana, lenye wavu laini juu kwa ajili ya hewa, matawi ya kupanda, majani mapana ya kujificha na, chini, makumbi ya nazi yaliyochambuliwa na kuoshwa chumvi. Nyunyiza maji jioni. Asubuhi kuta ziwe zimekauka, kwa sababu unyevu usiokauka hukaribisha vimelea.

Sasa chakula. Chura wa mitini hula kiumbe hai kinachojongea, usiku. Hali wali, ugali, mkate wala nyama ya kusaga, na tunaomba swali hili sasa lieleweke, kwa kuwa kila wiki tunaletewa chura mwenye mabaki ya wali mdomoni aliolazimishwa kwa kijiti, taya likiwa limevunjika. Chakula kikuu kiwe nyenje na panzi laini. Nondo na mende waliozalishwa safi huongezwa kwa kubadilishana. Mdudu asizidi upana wa nafasi iliyo kati ya macho mawili ya chura. Chura mkubwa hupewa wadudu watatu hadi sita kila baada ya siku mbili au tatu, na chura mchanga hupewa wadudu wadogo kila siku. Kumbikumbi wa msimu anaweza kutolewa mara chache, kwani ana mafuta mengi na chura hajui kuacha. Wadudu waliookotwa ndani ya nyumba iliyopuliziwa dawa hawafai kabisa, vivyo hivyo siafu na viwavi wenye manyoya. Nyenje wasioliwa watolewe asubuhi, la sivyo humtafuna chura ngozi akiwa amelala.

Mdudu peke yake hana kalsiamu ya kutosha. Siku moja kabla, mlishe mdudu karoti, boga na majani ya sukuma wiki. Wakati wa kumtoa, mtikise ndani ya mfuko wenye unga wa kalsiamu, na mara moja kwa wiki uchanganye unga wa vitamini wenye vitamini A na D. Unga huu uwe wa kalsiamu isiyo na fosforasi. Madini ya kuku yaliyochanganywa fosfeti, yanayouzwa katika maduka mengi ya pembejeo za mifugo, hayatimizi kazi hii, na chokaa ya ujenzi inaua. Upungufu wa kalsiamu hupinda taya na mapaja. Upungufu wa vitamini A huharibu ulimi, chura akawa anarusha ulimi bila kunasa kitu huku mwenye naye akidhani amekosa hamu.

Anayedhani tunatia chumvi akumbuke chura wa Kihansi. Mwaka 2000 karibu vyura 500 walichukuliwa kutoka maporomoko ya Kihansi na kupelekwa Marekani, wakati bwawa la umeme lilipopunguza manyunyu waliyoyategemea. Walikuwa mikononi mwa mabingwa wenye maabara, na bado miaka ya mwanzo wengi walikufa kabla ya mwanga, lishe na vimelea vyao kueleweka. Huko Kihansi kwenyewe, kuvu wa kitridi, anayeshambulia ngozi ya vyura, alibainika mwaka 2003 kwa vyura waliobaki, wakatoweka. Mwaka 2009 spishi hiyo ilitangazwa kutoweka porini, na kizazi cha waliohamishwa ndicho kilichorejeshwa nchini mwaka 2010.

Kuvu huyo huhama kwa maji, matope ya viatu na chura mmoja aliyebadilishiwa kijito. Kwa hiyo kumwachia chura wa Amani katika bwawa la Tanga mjini si huruma. Unaweza kuwa unapeleka ugonjwa. Chura mgeni akae peke yake, na vyombo vyake, kwa siku zisizopungua 30. Ukiona ngozi inachunika kupita kawaida, anakaa wazi mchana miguu ikiwa imetawanyika, au ukimgeuza chali hajipindui, toa taarifa siku hiyohiyo kwa ofisi ya wanyamapori ya wilaya au daktari wa mifugo wa Serikali. Akifa, usimtupe chooni wala kijitoni. Mfunge katika mifuko miwili, andika tarehe na mahali alipotoka, na mweke kwenye barafu ndani ya chombo kisichotumika kwa chakula, bila kumgandisha, kwa kuwa mwili uliogandishwa hauchunguziki vizuri. Maji ya bakuli lake yatiwe jiki na yakae saa moja kabla ya kumwagwa mbali na mfereji wowote.