Harufu ya kiwanda cha karatasi inatoka wapi, na kwa nini inaweza kuzuiwa

Kwa zaidi ya miaka 30, abiria aliyesafiri kwa basi kutoka Eldoret kwenda Bungoma alijua kwamba anakaribia Webuye kabla hajaliona bomba la moshi la kiwanda cha karatasi, kwa kuwa harufu ilikuwa imeshaingia madirishani. Wakazi wa mji huo waliivumilia kwa shingo upande, na kwa miaka mingi walilalamika kwamba mabati ya nyumba zao yalikuwa yakiliwa na kutu mapema mno. Hadi leo, kila panapozungumzwa habari ya kujenga au kufufua kiwanda cha karatasi, wananchi huuliza kwanza iwapo harufu na maji machafu ni gharama isiyoepukika. Jibu la kitaalamu ni kwamba sehemu kubwa ya madhara hayo inaweza kuzuiwa, na kinachoamua hasa ni kitengo kimoja ambacho watu wa nje hawakijui, yaani kitengo cha kurejesha kemikali. Makala haya yanaeleza kazi ya kitengo hicho, kwa sababu mwananchi anayekielewa anaweza kukihoji kiwanda kwa hoja.

Viwanda vikubwa vinavyoanza na gogo na kumalizia na roli la karatasi ni vichache sana katika Afrika Mashariki. Pan African Paper Mills cha Webuye, kando ya mto Nzoia, kilianza uzalishaji mwaka 1974 kwa ubia wa Serikali ya Kenya, shirika la IFC la Kundi la Benki ya Dunia na kampuni ya Orient Paper Mills ya India. Nchini Tanzania, Southern Paper Mills kilianza kazi mwaka 1985 huko Mgololo, wilayani Mufindi, na baada ya kubinafsishwa kikajulikana kama Mufindi Paper Mills. Vyote viwili vilijengwa kwa kutegemea misindano. Katika shamba la miti la Sao Hill, ambalo ndilo tegemeo la Mgololo, majaribio ya kupanda yalianza mwaka 1939, na upandaji mkubwa ukafanyika kuanzia miaka ya 1960, ukiwemo ule uliofadhiliwa kwa mkopo wa Benki ya Dunia kwa ajili ya kukilisha kiwanda ambacho kilikuwa bado hakijajengwa. Mti wa karatasi hukaa shambani miaka 15 au zaidi, na kwa hiyo msitu usipotangulia, kiwanda hakina pa kuanzia.

Msindano unapendwa kwa sababu ya urefu wa nyuzinyuzi zake, ambazo hufika kiasi cha milimita 3, wakati zile za mkaratusi ni takriban milimita 1 tu. Nyuzi ndefu hushikana kwa nguvu, na ndiyo maana mfuko wa saruji wa kilo 50 unaweza kutupwa kutoka kwenye lori bila kupasuka ukitengenezwa kwa karatasi ya msindano. Nyuzi fupi za mkaratusi hutoa karatasi laini na yenye uso ulio sawa, inayofaa zaidi kwa kuandikia na kuchapia.

Ndani ya mti, nyuzi hizo za selulosi zimegandishwa pamoja na kitu kinachoitwa lignini, ambacho ni kati ya robo na karibu theluthi moja ya uzito wa mti mkavu. Kutengeneza karatasi imara ni kazi ya kuiondoa lignini bila kuziharibu nyuzi. Magogo humenywa magome, kisha hukatwakatwa kuwa vibanzi vyenye urefu wa sentimita 2 hivi na unene wa milimita chache. Kipimo hicho husimamiwa kwa makini, kwa kuwa kibanzi kinene hubaki kibichi katikati huku chembamba kikipondeka kabisa. Vibanzi huingizwa kwenye mtungi mkubwa wa chuma na kupikwa kwa shinikizo, katika joto la sentigredi 160 hadi 175, ndani ya maji yenye sodiamu haidroksaidi na sodiamu salfaidi. Baada ya saa kadhaa, kibanzi hutoka kikiwa na umbo lile lile lakini kimelegea kama muhogo ulioiva, na ukikibonyeza kwa vidole kinaachana nyuzi kwa nyuzi. Njia hii ilibuniwa na Carl Dahl, mkemia wa Kijerumani, mwaka 1879, na hadi leo ndiyo inayotoa sehemu kubwa ya rojo ya karatasi, yaani nyuzi zilizotenganishwa, duniani.

Hapa ndipo penye kiini cha jambo lote. Kati ya mti mkavu ulioingia mtungini, kinachobaki kuwa rojo ni chini ya nusu au nusu tu, na kilichosalia kimeyeyukia kwenye maji ya kupikia pamoja na kemikali zote, na kufanya kimiminika cheusi chenye harufu kali. Kwa kila tani moja ya rojo hutoka takriban tani 7 za kimiminika hicho kikiwa bado chepesi. Kiwanda kinachokimwaga mtoni hupata hasara mara mbili, kwani huua viumbe vya majini na papo hapo hutupa kemikali zilizonunuliwa kwa fedha za kigeni. Wakati huohuo hutupa kuni pia, kwa kuwa lignini iliyomo humo inaweza kuwaka na kutoa mvuke wa kuendesha kiwanda chenyewe.

Kitengo cha kurejesha kemikali hufanya kazi kwa mzunguko. Rojo huoshwa kwanza ili kimiminika cheusi kitengwe, kisha kimiminika hicho hupitishwa kwenye mitambo ya kuvukiza maji hadi kinakuwa kizito kiasi kwamba theluthi mbili au zaidi ya uzito wake si maji tena. Hapo hunyunyizwa ndani ya boila maalumu na kuwaka. Sehemu ya mti inateketea na kutoa joto, na chini ya tanuri hubaki chumvi zilizoyeyuka kwa moto, zenye sodiamu na salfa. Chumvi hizo huchanganywa na maji, kisha huongezwa chokaa, na kemikali za mwanzo huzaliwa upya zikiwa tayari kupika vibanzi vingine. Tope la chokaa linalobaki huchomwa katika tanuri lake na kuwa chokaa mbichi tena. Mtambo ukitunzwa vizuri, zaidi ya asilimia 95 ya kemikali hurudi kazini, na kiwanda cha kisasa cha aina hii kinaweza kujitosheleza kwa nishati bila kununua mafuta mengi wala umeme mwingi.

Boila hiyo ndiyo mashine ghali na ya hatari kuliko zote kiwandani. Bomba moja la maji likitoboka na maji yakaangukia zile chumvi za moto, mlipuko unaotokea unaweza kubomoa jengo. Ndiyo sababu inahitaji mafundi waliofunzwa kwa miaka, ukaguzi wa mabomba kwa ratiba isiyorukwa, na vipuri vinavyofika kwa wakati. Kwa maoni yangu, katika nchi zetu hili limepewa uzito mdogo kuliko inavyostahili: fedha hutafutwa kwa bidii ili kufungua kiwanda, lakini fedha za kuitunza boila mwaka baada ya mwaka huonekana kama matumizi yanayoweza kusubiri. Boila ikidorora, kiwanda hulazimika kununua kemikali mpya na mafuta ya tanuri, harufu huzidi, na kimiminika cheusi hutafuta njia ya kwenda mtoni. Gharama na uchafuzi hupanda pamoja.

Sasa turudi kwenye harufu. Salfa inayosaidia kuiondoa lignini haraka ndiyo inayozaa haidrojeni salfaidi na gesi za jamii ya merkaptani wakati wa kupika, kuvukiza na kuchoma. Pua ya binadamu huzitambua gesi hizi hata zikiwa sehemu chache tu katika kila sehemu bilioni za hewa, na kwa hiyo kuisikia harufu hakumaanishi moja kwa moja kwamba hewa imefikia kiwango cha sumu. Hata hivyo, kuisikia kila siku kunaonyesha kwamba gesi zinavuja. Katika kiwanda kilichotunzwa, gesi hizo hukusanywa kwa mabomba kutoka kwenye mitungi na mitambo ya kuvukiza, kisha huchomwa ndani ya tanuri ya chokaa au boila. Kwa wafanyakazi suala ni zito zaidi. Haidrojeni salfaidi ikizidi sehemu 100 katika kila sehemu milioni huitia pua ganzi, na mtu anaweza kudhani harufu imeisha ilhali hatari ndiyo imeongezeka. Mfanyakazi asiingie kwenye shimo, tangi au mfereji uliofunikwa kwa kutegemea pua yake, bali kwa kipimo cha gesi na mwenzake akiwa nje.

Kuhusu maji, viwanda vya zamani vilitumia zaidi ya mita za ujazo 100 kwa kila tani ya karatasi, wakati vya kisasa hutumia sehemu ndogo ya kiasi hicho kwa kuyazungusha maji yale yale. Majitaka ya kiwanda cha karatasi mara nyingi huua samaki kwa kuwanyima hewa: bakteria wanapokula mabaki ya mti yaliyomo majini huitumia oksijeni yote. Rangi ya kahawia nayo huzuia mwanga kufika chini. Dawa yake ni kunasa nyuzi na tope kwanza, kisha kuyaweka maji kwenye mabwawa yanayopulizwa hewa ili bakteria wamalize kazi yao humo badala ya kuifanyia mtoni. Mabwawa hayo hayawezi kuokoa mto endapo kimiminika cheusi kitamwagwa kwa wingi mara moja, na ndiyo maana ulinzi wa mto huanzia kule kwenye kuosha rojo na kwenye boila.

Kiwanda cha Webuye kilifungwa mwanzoni mwa mwaka 2009 kikiwa kimelemewa na madeni, na mji uliokua kwa ajili ya kiwanda ukapoteza ajira na biashara kwa pamoja. Mwaka 2016 kiwanda kiliuzwa kwa wawekezaji wa kundi la Rai, ambalo pia ndilo linalomiliki kile cha Mgololo. Kumbukumbu ya harufu isitusahaulishe upande huu: kiwanda kinachokufa nacho huwaumiza wale wale waliokuwa wakilivumilia bomba lake.

Baada ya kuoshwa, rojo huenda kwenye mashine ya karatasi ikiwa imechanganywa na maji kiasi kwamba maji ni karibu asilimia 99. Humwagwa juu ya wavu mrefu unaokimbia, maji huchuja, utando uliobaki hukamuliwa kwa roli nzito, kisha hupita juu ya silinda nyingi zenye joto la mvuke. Msomaji anaweza kuuona mwendo wa wavu huo kwenye gazeti lolote: likichanwa upande mmoja huchanika kwa mstari ulionyooka, na likichanwa upande wa pili huchanika ovyo, kwa sababu nyuzi nyingi zimelala kuelekea mashine ilikokimbilia.

Karatasi ya kaki, kama ile ya bahasha na mifuko ya saruji, haihitaji kupaushwa. Karatasi nyeupe huhitaji, na zamani ilipaushwa kwa gesi ya klorini, mpaka ilipobainika katika miaka ya 1980 kwamba njia hiyo huzalisha dioksini, sumu inayodumu katika miili ya samaki na watu. Viwanda vingi duniani vimehamia klorini dayoksaidi au oksijeni na peroksaidi. Tangu Kenya ilipopiga marufuku mifuko ya plastiki mwaka 2017, na Tanzania mwaka 2019, mahitaji ya karatasi ya kaki yameongezeka, na kwa kuwa haipaushwi, ni vyema kuipendelea pale weupe usipohitajika.

Karatasi chakavu hupunguza mzigo wote huu, kwani nyuzi zake zilishapikwa na hazihitaji mtungi wala boila ya kurejesha kemikali. Uzi mmoja huweza kutumika tena kati ya mara 5 na 7 kabla haujawa mfupi mno, kwa hiyo nyuzi mpya zitaendelea kuhitajika kwa kiasi fulani. Maboksi makavu ndiyo yenye thamani kubwa. Yaliyolowa mafuta ya chakula, pamoja na vikombe vya karatasi vilivyopakwa plastiki ndani, huharibu rojo, na wakusanyaji wa mitaani hupunjwa kwenye mizani kwa sababu yake.

Sheria ya Mazingira ya Tanzania ya mwaka 2004 na ile ya Kenya ya mwaka 1999 zinawapa wananchi nafasi ya kutoa maoni wakati wa tathmini ya athari kwa mazingira. Wanaoishi jirani na kiwanda wanapoitwa kwenye kikao hicho, waulize ni asilimia ngapi ya kemikali inayorejeshwa, boila ilikaguliwa lini, gesi za salfa zinakusanywa kutoka mitambo ipi na kuchomwa wapi, na kuna tangi gani la kupokea kimiminika cheusi mashine zinapozimika ghafla. Kuhusu mto, waombe vipimo vya oksijeni vilivyochukuliwa juu na chini ya mahali majitaka yanapoingia, na wasikubali vya masika peke yake, kwa kuwa ni wakati wa kiangazi, mto ukiwa umepungua, ndipo kipimo huonyesha hali halisi.