Sinema ya Kimalayalam ilitoka kwenye rafu ya vitabu

Mwaka 1933, mjini Thiruvananthapuram, kusini kabisa mwa India, filamu bubu iitwayo Marthanda Varma ilioneshwa siku chache tu, ikakamatwa. Haikuwa na matusi wala uchochezi. Ilitokana na riwaya, na mchapishaji wa riwaya hiyo alikwenda mahakamani kudai kwamba hakuombwa idhini. Nakala ya filamu ilikuja kuingia hifadhi ya taifa ya filamu mjini Pune mwaka 1974.

Huku kwetu kila picha yenye sari tunaiita ya Kihindi. Kimalayalam ni lugha nyingine kabisa, ndugu wa Kitamil, na wanaoizungumza ni zaidi ya milioni 30, wengi wao katika jimbo la Kerala. Ukitaka kuielewa sinema yao, anza na kesi ile ya kitabu, maana Kerala ni nchi ya wasomaji. Mwaka 1945 P. N. Panicker aliunganisha maktaba 47 za vijijini kuwa chama kimoja, na maktaba zikazidi kuenea.

Kwa hiyo waandishi wa riwaya waliingia studio kama wenyeji. Uroob aliandika hadithi ya Neelakuyil (1954): mwalimu wa tabaka la juu anampa mimba mwanamke Dalit, yaani wa jamii iliyotengwa chini ya matabaka yote, kisha anamkana. Jambo hilo lilikuwa kidonda kibichi. Katika Vigathakumaran, filamu ya kwanza ya Kerala, P. K. Rosy, Mdalit, aliigiza mwanamke wa Nair, tabaka la juu. Watu walikasirika mno hata akalazimika kuuhama mji. Na hata mwaka 1954, aliyepewa nafasi ya yule mwanamke Dalit hakuwa Mdalit.

Kwa msomaji wa pwani, mimi ningependekeza Chemmeen (1965), yaani kamba wa baharini. Mwongozaji Ramu Kariat aliitoa kwenye riwaya ya Thakazhi kuhusu wavuvi wanaoamini kwamba mume akiwa baharini, usalama wake uko kwenye uaminifu wa mke aliyebaki ufukweni. Binti wa mvuvi wa Kihindu anampenda mfanyabiashara Mwislamu, na bahari haisahau. Filamu hiyo ilikuwa ya kwanza kutoka India ya kusini kupata medali ya dhahabu ya Rais. Mwaka huohuo mwongozaji Adoor Gopalakrishnan na wenzake walianzisha klabu ya filamu ya Chitralekha, na watazamaji wakazoea kuijadili filamu kama wanavyojadili kitabu.

Kisha zikaja hadithi za wahamiaji, watu wa Kerala waliokwenda kufanya kazi nchi za Ghuba. Riwaya ya Benyamin, Aadujeevitham, “maisha ya mbuzi”, inamfuata kibarua aliyetekwa kuchunga mifugo jangwani Saudi Arabia. Ilitoka mwaka 2008. Mwongozaji Blessy alihangaika miaka mingi kuigeuza filamu. Mwaka 2020 korona ilisimamisha ndege, kikosi chake kikakwama jangwani Jordan. Filamu ilipofika kwenye majumba ya sinema mwaka 2024, watazamaji wengi waliketi wakiwa tayari wanajua itakavyoisha.