Pembetatu ya familia: ugomvi unaopitia kwa mtu wa tatu

"Mwambie baba yako chakula kiko mezani." Baba mwenyewe yuko hatua tano tu kutoka hapo, na amesikia. Mtoto anarudia maneno yale yale, baba anamjibu mtoto, watu wanakula. Hiyo ndiyo pembetatu ya familia: wawili wana jambo wasiloweza kuambiana, basi wanamweka wa tatu katikati ili waendelee kuishi pamoja bila kulisema.

Dhana hii inatokana na Murray Bowen (1913–1990), daktari wa magonjwa ya akili wa Marekani. Mvutano wa watu wawili ukizidi, alieleza, huvutwa wa tatu ili kuupunguza makali. Nafuu hupatikana kweli, na ndiyo maana jambo lenyewe halitatuliwi.

Wa tatu si lazima awe mjumbe. Anaweza kuwa msiri anayemwagiwa lawama za mama juu ya baba. Au ni mtoto ambaye masomo yake, au ugonjwa wake, ndiyo mazungumzo pekee yaliyobaki kati ya wazazi. Huyu ni mgumu kumtambua, maana kwa nje wazazi wanaonekana wameshikamana. Jipimeni: wiki hii, mmezungumza mangapi yasiyomhusu mtoto?

Wa tatu akiwa mtu mzima, anatoka kwa kurudisha ujumbe: "Hilo mwambie mwenyewe." Asihukumu, asichukue upande, ila aendelee kukaa na kuongea na wote wawili. Hapa wengi hukosea. Wanahama, wanaacha kupiga simu, wanadhani wametoka. Kumbe wamejitenga tu, na lile jambo wamehama nalo. Kuitisha kikao cha ukoo mzima nako huwasha moto. Heri wawili wenyewe, jambo moja dogo, dakika kumi. Mwanzoni nyumba itakuwa na joto zaidi, kwa sababu mvutano umerudi kwa wenyewe. Palipo na kipigo au vitisho, ushauri huu haufai: hapo huenda wa tatu ndiye kinga.

Mtoto mdogo asitarajiwe kukataa kutumwa. Wa kuacha ni wazazi. Naye akishazoea, atajitolea kubeba hata asipoombwa. Mwambie asante, kisha inuka ukaseme mwenyewe, naye akiona.