Indiana 2024: Kocha aliyehama na kikosi chake

Chuo Kikuu cha Indiana, pale Bloomington, kinajulikana kwa mpira wa kikapu. Kwenye futiboli ya Kimarekani hakuna chuo cha daraja la juu kilichokuwa kimepoteza mechi nyingi kukishinda. Mwaka 2023 kilishinda 3 na kupoteza 9. Mwaka 2024 kikashinda 11 na kupoteza 2 tu, tena mbele ya Ohio State na Notre Dame, timu mbili zilizokuja kukutana kwenye fainali ya taifa.

Wengi waliita muujiza. Mimi nachambua mbinu za mchezo huu, na ninachokiona ni usajili uliofanywa kwa akili.

Tangu 2021 mchezaji wa chuo anaweza kuhama bila kukaa nje msimu mzima. Kocha Curt Cignetti alitoka Chuo Kikuu cha James Madison, timu iliyokuwa imeshinda mechi 11 kati ya 12, akaja na benchi lake la ufundi na wachezaji 13. Hapo ndipo penye siri. Katika futiboli, kabla mpira haujaanza kuchezwa, beki wa kati anasoma jinsi wapinzani walivyojipanga na kuwahamisha wenzake kwa ishara, yote ndani ya sekunde chache. Aiden Fisher alikwisha kuifanya kazi hiyo kule James Madison chini ya Bryant Haines, mkuu wa ulinzi aliyehama naye, kwa hiyo hakuwa na lugha mpya ya kujifunza. Mbele yake Mikail Kamara, naye wa James Madison, aliwaangusha warushaji, yaani wachezaji wanaorusha pasi za timu pinzani, mara 10. Ulinzi ule ulifika Bloomington ukiwa umeshaiva!

Mrushaji wao, Kurtis Rourke, Mkanada kutoka Chuo Kikuu cha Ohio, alitoa pasi 29 za mabao, na pasi zake zilinaswa na wapinzani mara 5 tu. Baada ya msimu ikajulikana kwamba muda wote huo alicheza na goti lililochanika kano. Namheshimu sana kijana huyu.

Wanaosema ratiba ilikuwa nyepesi wana hoja. Lakini kabla ya 2024 Indiana haikuwahi kufikisha ushindi wa mechi 10 katika historia yake yote, na ratiba nyepesi iliwahi kuzipata. Udhaifu halisi ulionekana Ohio State ilipoichapa 38 kwa 15: ukuta wa kumlinda Rourke ulizidiwa, akaangushwa mara 5.