Sekunde ya nyongeza ni nini, na nani anaamua iwekwe

Usiku wa kuamkia tarehe 1 Januari 2017, kwa huku Afrika Mashariki ikiwa inakaribia saa tisa usiku, saa za dunia nzima hazikutoka kwenye sekunde ya 59 kwenda sifuri kama siku zote. Zilipita kwanza kwenye sekunde ya 60, yaani ile dakika ya mwisho kabla ya saa tisa ilikuwa na sekunde 61. Wengine walikuwa bado wanasherehekea mwaka mpya, wengine wamelala, na hakuna aliyehisi chochote. Hiyo ndo sekunde ya nyongeza, na mpaka sasa ndo ya mwisho kuwekwa. Ya kwanza iliwekwa mwishoni mwa Juni 1972, na zote jumla zimekuwa 27. Usichanganye na tarehe 29 Februari, ile inahusu dunia kulizunguka jua, hii inahusu dunia kujizungusha yenyewe.

Inawekwa kwa sababu tuna saa mbili ambazo haziendi sawa. Ya kwanza ni dunia na jua lake, na hii Mswahili hahitaji kufundishwa, maana saa moja yetu inahesabiwa jua likishatoka na saa kumi na mbili jioni ndo linazama, hesabu yote imefungwa kwenye jua. Ya pili ni saa ya atomiki. Tangu 1967 sekunde haipimwi tena kwa mwendo wa dunia bali kwa atomu ya siziamu, mawimbi yake yakishacheza mara 9,192,631,770 basi sekunde moja imekwisha. Atomu haichoki wala haibadiliki, ila dunia inabadilika.

Na kinachoibadilisha zaidi tunakiona kwa macho. Ukisimama Jambiani wakati wa bamvua, maji yamekupwa mpaka kule kwenye mwamba, akina mama wanashuka kwenda kwenye mashamba yao ya mwani wanatembea mahali ambapo saa chache nyuma ilikuwa bahari, ujue pale unaiangalia breki ya dunia. Mwezi unayavuta maji, dunia inazunguka chini yake, maji yanasugua sakafu ya bahari, na ule msuguano unaipunguzia dunia kasi, kidogo sana lakini bila kupumzika, siku inarefuka kama milisekunde mbili hivi kila miaka mia. Alafu kuna mambo mengine juu yake, upepo, barafu inayoyeyuka, kiini cha dunia huko ndani, haya mengine yanaipunguza na mengine yanaiharakisha.

Sasa nani anafuatilia yote haya? Kuna taasisi ya kimataifa inaitwa IERS, na ofisi yake inayotangaza hizi sekunde iko kwenye kituo cha kuchunguza nyota cha Paris. Inategemea madishi makubwa ya redio yaliyotawanyika duniani, moja liko Hartebeesthoek, Afrika Kusini, yanasikiliza vitu vilivyo mbali mno nje ya galaksi yetu, mbali kiasi kwamba ni kama vimegandishwa mahali pamoja, kwa hiyo ukiona vimesogea ujue ni dunia ndo imezunguka. Upande wa atomu unashughulikiwa na BIPM, ofisi ya kimataifa ya vipimo, iko Sèvres, karibu na Paris hapo hapo. Hawa wanakusanya hesabu za saa za atomiki zaidi ya 400 kutoka maabara za nchi mbalimbali na kutoa wastani. Hili lilinishangaza nilipolijua, kwamba hakuna saa moja kuu mahali popote, na ule muda rasmi kamili unatolewa mwezi unaofuata, hesabu zikishakamilika. Tofauti ya dunia na atomu haitakiwi kuzidi sekunde 0.9, ikikaribia hapo Paris wanatangaza sekunde iongezwe.

Kompyuta ndo zinaichukia. Ilipowekwa ile ya 30 Juni 2012 seva nyingi zilichanganyikiwa, tovuti ya Reddit ikaanguka, na Australia mfumo wa kupokea abiria wa shirika la ndege la Qantas ukagoma mpaka ndege zikachelewa. Kwa hiyo Novemba 2022 mkutano mkuu wa vipimo uliamua ifikapo 2035 ule mpaka wa 0.9 upanuliwe, maana yake sekunde hizi ziachwe kwa muda mrefu sana. Nawaelewa mainjinia kabisa, na najua itachukua miaka mingi mno kabla mtu wa kawaida hajaona tofauti, lakini binafsi inaniuma, kwa sababu huu ulikuwa uzi mwembamba unaofunga saa yangu ya mkononi na jua, na mimi nahesabu saa kwa jua.

Kilichoongeza presha ni kwamba miaka ya karibuni dunia imeongeza kasi kidogo. Tarehe 29 Juni 2022 siku ilipungua milisekunde 1.59 kwenye saa 24. Ikiendelea hivyo itabidi sekunde ipunguzwe, yaani kutoka 58 unaruka moja kwa moja sifuri, kitu ambacho hakijawahi kufanyika na mainjinia wanakiogopa kuliko hata kuongeza. Kwa sasa ofisi ya Paris inatoa tangazo lake kila miezi sita, na tangu ule usiku wa 2017 limekuwa lile lile: hakuna sekunde ya kuongeza.