Seizo Fukumoto: kufa mara 50,000 si kazi ya kubahatisha

Kwenye sinema za samurai macho yote huwa kwa stelingi. Yule anayekatwa upanga na kudondoka, nani ana habari naye? Ndiyo maana wengi husema kufa kwenye filamu hakuhitaji kipaji, kuanguka hata mlevi anaanguka.

Mtazame kwanza Seizo Fukumoto. Alizaliwa mwaka 1943 mkoani Hyogo, Japani, na akiwa na miaka 15 tu akaingia studio za Toei mjini Kyoto. Kazi yake Wajapani huiita "kirareyaku", yaani mwigizaji wa kukatwa. Upanga ukimpitia, hadondoki kama gunia. Anaganda kidogo, kisha mgongo unapinda kinyumenyume kama kamba wa baharini, uso wa maumivu ukiielekea kamera, ndipo anaanguka chali. Staili hiyo ilikuwa nembo yake.

Wapo wanaoamini panga zile ni chuma chenye makali. Nyingi ni mianzi au mbao zilizovikwa karatasi ya kung'aa. Kwa hiyo ukali wa stelingi unatoka kwa anayekufa: akifa vibaya, shujaa anaonekana anapunga fimbo.

Husemwa alikufa kwenye kamera mara 50,000. Hiyo nayo si hesabu ya daftari, ni makadirio. Igawe kwa miaka 50 ya kazi, unapata vifo karibu vitatu kila siku, bila likizo. Mimi naona imetiwa chumvi, ingawa mtu wa kazi hii anaweza kufa, akabadili wigi na nguo, akarudi kufa tena siku hiyohiyo.

Dhana iliyoenea zaidi ni kwamba Hollywood ndiyo iliyomtoa, kupitia The Last Samurai ya 2003. Ni yule mzee kimya anayemfuata Tom Cruise kila aendako, hadi akapachikwa jina la Bob. Wakati huo Fukumoto alikuwa na miaka 60 na ameshakula chumvi ya studio miaka 45.

Ustelingi wenyewe aliupata uzeeni, katika Uzumasa Limelight ya 2014, akicheza mwigizaji mkongwe wa kukatwa. Tamasha la Fantasia la Montreal likampa tuzo ya mwigizaji bora. Alifariki Januari 1, 2021, akiwa na miaka 77. Na hata katika filamu hiyo, stelingi akiwa yeye, mwishoni anakatwa.